Upatano Mtakatifu wa Sauti: Historia ya Wazo na Mtihani Wake katika Nchi ya Mpanda

1. Utangulizi

Makala haya yanahusu wazo la kale lililoishi katika Kanisa kwa karne nyingi. Wazo lenyewe ni kwamba sauti mbili au zaidi zikipatana sawasawa, mwimbaji na msikilizaji huguswa na utaratibu ule ule ambao Mungu aliuweka alipoumba ulimwengu. Lilizaliwa nje ya Biblia, likapokelewa na mababa wa Kanisa, likapata makao ya heshima miongoni mwa wasomi wa Kilutheri wa karne ya 17, na mwishowe likafika Afrika Mashariki likiwa limefichwa ndani ya vitabu vya nyimbo. Twasema limefichwa kwa sababu wamisionari wengi hawakulihubiri waziwazi. Walifundisha tu sauti nne za korali, na kwa jinsi walivyozifundisha wasikilizaji walielewa kwamba hiyo ndiyo njia moja ambayo sauti za wanadamu zaweza kupatana mbele za Mungu.

Tumekusudia kulifuatilia wazo hili hadi Mpanda na nchi yote iitwayo leo Mkoa wa Katavi. Huenda wasomaji wengine wakashangaa, kwa kuwa historia ya nyimbo katika Kanisa letu huelezwa kwa kawaida kuanzia Kilimanjaro, Usambara, Bukoba au Nyanda za Juu Kusini. Lakini nchi ya Mpanda ina faida yake kwa mwanahistoria. Hapo Walutheri hawakuwa wa kwanza kufika, wala si wengi. Hapo imekutana mikondo mbalimbali ya nyimbo za Kikristo pamoja na nyimbo za wenyeji ambazo ni za kale kuliko yote hayo. Mahali pa namna hiyo, mchungaji hawezi kukwepa swali: je, upatano wa sauti ni mtakatifu kwa maana gani? Akijibu vibaya kwa upande mmoja, atawanyima watu wa Mungu sauti waliyopewa. Akijibu vibaya kwa upande wa pili, ataruhusu muziki ukalie kiti cha Neno.

2. Wazo lilikotoka

Wayunani walimhesabia Pythagoras, aliyeishi katika karne ya sita kabla ya Kristo, ugunduzi kwamba sauti zinazopatana hufuata hesabu nyepesi. Tuchukue kamba iliyokazwa. Tukiigawa katikati, nusu yake hutoa sauti ile ile kwa kimo cha juu, yaani do ya chini na do ya juu. Uwiano wake ni 2 kwa 1. Tukichukua theluthi mbili za kamba, tunapata so juu ya do. Uwiano ni 3 kwa 2. Robo tatu za kamba hutoa fa. Uwiano ni 4 kwa 3. Yeyote mwenye kamba, ubao na subira aweza kuhakikisha jambo hili, awe Ugiriki au Karema.

Kutokana na jambo hili la kweli, wanafalsafa walipiga hatua kubwa zaidi. Walisema kwamba ikiwa hesabu hutawala kamba, basi hutawala pia nyota, nazo sayari katika mizunguko yake hutoa wimbo ambao masikio yetu hayausikii. Plato aliuingiza wimbo huo katika maelezo yake ya uumbaji. Augustino, kabla hajawa askofu, aliandika vitabu sita juu ya muziki, na katika kitabu cha sita aliipandisha roho kutoka katika hesabu zinazosikika hadi kwa Mungu ambaye ndiye asili ya kila hesabu. Boethius, aliyeuawa yapata mwaka 524, aligawa muziki katika mafungu matatu: muziki wa ulimwengu, muziki wa mwanadamu ambao ni upatano wa roho na mwili, na muziki wa vyombo. Kwa muda wa miaka elfu moja wanafunzi wa Ulaya walijifunza mgawanyo huo, na muziki ukahesabiwa pamoja na hesabu, jiometri na elimu ya nyota.

Yafaa tuone kwamba Maandiko hayalipingi wazo hili lote. Zaburi ya 19 yazungumza juu ya mbingu zinazotangaza pasipo maneno, na katika Ayubu 38 nyota za asubuhi zaimba wakati misingi ya dunia inapowekwa. Hata hivyo, Maandiko hayasemi popote kwamba mtu humfikia Mungu kwa kupanda ngazi ya sauti. Tofauti hiyo ndogo ndiyo itakayotuongoza katika makala haya.

3. Walutheri na utatu wa sauti

Martin Luther aliupenda muziki kwa moyo wake wote. Katika dibaji aliyoiandika mwaka 1538 kwa ajili ya mkusanyo wa nyimbo uliochapwa na Georg Rhau, alifundisha kwamba tangu mwanzo wa ulimwengu kila kiumbe kimepewa sauti, na akauweka muziki karibu sana na Neno la Mungu. Alieleza kwa furaha jinsi sauti moja ishikavyo wimbo huku nyingine zikiuzunguka kana kwamba zinacheza. Lakini tuangalie kwa makini: kwa Luther muziki ni kiumbe na kipawa. Sifa zake zote zaanguka chini ya kifungu cha kwanza cha Imani, yaani uumbaji.

Wengine waliomfuata walikwenda mbele zaidi. Johannes Lippius, mwanatheolojia Mlutheri kutoka Strasbourg, alifariki mwaka 1612 akiwa kijana wa miaka ipatayo 27. Mwaka huo huo alikuwa amechapisha kitabu cha Kilatini juu ya elimu ya muziki, ambamo alizipa do, mi na so zikisikika pamoja jina la utatu wa upatano. Aliona kwamba sauti hizo ni tatu, kila moja ni kamili na tofauti na nyingine, na hata hivyo sikio hupokea kitu kimoja. Kwake yeye hiyo ilikuwa sura ya Utatu Mtakatifu iliyowekwa na Muumba ndani ya maumbile. Mwalimu yeyote wa kipaimara aliyewahi kutafuta mfano wa Utatu ataelewa jinsi wazo hilo lilivyovutia.

Johannes Kepler alikwenda mbali kuliko wote. Alisoma Tübingen akitarajia kuwa mchungaji, kisha akawa mtaalamu wa nyota. Mwaka 1619 alitoa kitabu chake juu ya upatano wa ulimwengu. Humo alipima mwendo wa kila sayari, akaugeuza kuwa sauti, na kuipanga mbingu kama kwaya: Zohali na Mshtarii waliimba besi, Mirihi tena, Dunia na Zuhura alto, na Utaridi sauti ya kwanza. Dunia yetu, kwa kuwa mwendo wake hubadilika kidogo tu, iliimba mi na fa bila kukoma, na Kepler alisikia katika silabi hizo mwanzo wa maneno ya Kilatini yenye maana ya taabu na njaa. Katika kazi hiyo hiyo alitoa kanuni ya tatu ya mwendo wa sayari, ambayo wataalamu waitumia mpaka leo. Ndivyo wazo la upatano mtakatifu lilivyozaa elimu ya kweli.

Lakini kuna mambo mawili katika habari za Kepler ambayo mwanatheolojia hapaswi kuyapita. La kwanza ni kwamba mwaka 1612, katika mji wa Linz, mchungaji wake alimnyima Meza ya Bwana kwa sababu hakukubali kuitia sahihi Kanuni ya Makubaliano bila sharti. Mtu aliyetafuta upatano wa sayari alikosa upatano madhabahuni. La pili lahusu hesabu. Kepler aliamini kwamba Mungu aliuumba ulimwengu kwa maumbo yale tu ambayo mwanajiometri aweza kuyachora kwa bikari na rula. Umbo la pembe saba zilizo sawa haliwezi kuchorwa hivyo. Kwa hiyo akafundisha kwamba namba saba haikutumika katika upatano wa ulimwengu. Tunaomba msomaji aikumbuke namba hiyo, maana tutakutana nayo tena.

Mwishoni mwa karne hiyo Andreas Werckmeister, mpiga kinanda wa Kilutheri aliyefariki mwaka 1706, aliendelea kuona mafumbo ya imani katika hesabu za sauti. Huyu alijua pia shida ambayo watu wa vitabu huisahau. Mtu akipanda hatua 12 za uwiano wa 3 kwa 2, angetarajia kufika mahali pale pale panapofikiwa kwa hatua 7 za uwiano wa 2 kwa 1. Hafiki, hupita kidogo, kwa kuwa hesabu ya kwanza yatoa 129.7 na ya pili 128. Ili kinanda kiweze kupigwa katika funguo zote, ziada hiyo yapaswa kugawanywa na kufichwa, na karibu kila sauti hupotoshwa kidogo. Kinanda cha siku hizi hugawa ziada hiyo sawasawa. Matokeo yake ni kwamba mi ya kinanda iko juu kidogo kuliko mi safi ambayo Lippius aliifananisha na Utatu.

4. Mikondo iliyokutana Mpanda

Sasa tuje nyumbani. Wenyeji wa Katavi ni pamoja na Wapimbwe, Wabende na Wakonongo, wakipakana na Wafipa upande wa kusini na Wanyamwezi upande wa kaskazini. Mpanda ilikuwa sehemu ya Tabora kabla ya kuundwa kwa Mkoa wa Rukwa mwaka 1974, na Mkoa wa Katavi ulianzishwa mwaka 2012. Kwa hiyo historia ya nyimbo zake yatazama pande mbili, Tabora na Ufipa.

Mkondo wa kwanza wa Kikristo uliingia kwa njia ya ziwa. Mwaka 1879 Wabelgiji walijenga kituo Karema, na mwaka 1885 wakakikabidhi kwa Mapadri Weupe. Hapo ndipo alipotumika Adrian Atiman, aliyetekwa utumwani Afrika Magharibi akiwa mtoto, akakombolewa, akasomea utabibu Malta, kisha akawa tabibu na katekista Karema hadi kifo chake mwaka 1956. Misa ya Kilatini ilikuja pamoja na wimbo wake wa Kigregori, ambao Papa Pius wa Kumi aliuweka mwaka 1903 kuwa kipimo cha muziki wote wa kanisa lake. Wimbo huo ni wa sauti moja. Kwa hiyo Wakristo wa kwanza wa Katavi walifundishwa kwamba wimbo mtakatifu kupita zote hauna upatano wa sauti nyingi hata kidogo. Mtaguso wa Pili wa Vatikano ndio uliofungua mlango wa nyimbo za wenyeji, mwaka 1963.

Mkondo wa pili ulitoka kaskazini. Wamoravian walichukua kituo cha Urambo mwaka 1898 kutoka kwa misioni ya Waingereza, nao walileta korali za Kijerumani zenye sauti nne. Kwao, kama kwa Walutheri waliokuja baadaye, usharika uliokomaa ulitambulika kwa sauti nne zilizosimama imara. Madini ya risasi ya Mpanda yalileta mkondo wa tatu. Reli kutoka Kaliua hadi Mpanda ilikamilika kufikia mwaka 1950, nayo ilileta wafanyakazi kutoka pande nyingi za Tanganyika, kila mmoja na kitabu chake cha nyimbo au na nyimbo alizozibeba kichwani.

Mkondo wa nne ulikuja kwa machozi. Baada ya mauaji ya mwaka 1972 nchini Burundi, makumi ya maelfu ya watu walikimbilia Tanzania. Makazi ya Ulyankulu yalifunguliwa upande wa Tabora, ya Katumba yakafunguliwa Mpanda mwaka 1973, na ya Mishamo mwaka 1978. Watu hao walikuwa Wakatoliki, Waanglikana na Wapentekoste, na waliimba. Kwaya iliyotokea Ulyankulu ilijulikana nchini kote kwa jina la barabara ya makazi yao, Barabara ya 13. Mtu aliyepoteza shamba, nyumba na makaburi ya wazazi alikuwa amebaki na wimbo. Zaburi ya 137 haikuhitaji maelezo marefu kwa wasikilizaji wa namna hiyo, na kama Kepler angalisikiliza, angalisema kwamba Dunia ilikuwa bado inaimba mi na fa zake. Mwaka 2014 wakimbizi hao wa 1972 na watoto wao, zaidi ya 160,000, walianza kukabidhiwa vyeti vya uraia wa Tanzania. Kwa hiyo nyimbo za Katumba si tena nyimbo za wageni. Ni sehemu ya urithi wa Kanisa katika Katavi.

5. Yale ambayo masikio yaligundua

Je, wenyeji hawakuwa na upatano wa sauti kabla ya korali? Jibu lilipatikana mapema, ingawa halikufika vyuoni mwetu kwa haraka. Mwanzoni mwa karne ya 20 nyimbo za Wanyamwezi zilinaswa kwa fonografu na kupelekwa Berlin. Erich von Hornbostel alizichunguza na kuchapisha matokeo yake mwaka 1909. Alisikia sauti mbili zikienda sambamba, moja ikiifuata nyingine kwa umbali wa do na fa au do na so, na akazilinganisha na uimbaji wa Kanisa la Ulaya wa karne ya tisa na ya kumi. Maana yake ni hii: watawa wa Ulaya walipoanza kuimba zaidi ya sauti moja, waliimba kwa namna iliyofanana na ile ambayo mababu wa watu wa Tabora na Mpanda waliimba walipotwanga, walipobeba mizigo na walipocheza ngoma. Jambo ambalo huku liliitwa ushenzi, kule lilikuwa mwanzo wa fahari ya muziki wa Kanisa.

Sababu mojawapo ya mwendo huo wa sambamba ni lugha. Lugha nyingi za Kibantu, tofauti na Kiswahili, hutofautisha maneno kwa kupandisha na kushusha sauti. Katika Kirundi neno inda laweza kuwa tumbo au chawa, kulingana na jinsi linavyotamkwa. Mtunzi atakaye kuimba habari za mtoto aliye tumboni mwa Mariamu hana budi kuangalia wimbo wake unapopanda na unaposhuka. Waimbaji wawili wakiimba neno moja katika lugha ya namna hiyo, sauti ya pili yapaswa kupanda pale ya kwanza inapopanda. Korali ya sauti nne haijali hayo. Besi yake mara nyingi hushuka wakati sauti ya kwanza inapanda. Hivyo mstari mmoja waweza kutamkwa kwa namna nne, na labda hakuna hata moja iliyo sahihi. Luther angalielewa haraka. Mwaka 1525 alilalamika juu ya waliobandika maneno ya Kijerumani juu ya nyimbo za Kilatini, akataka maneno, mkazo na wimbo vyote vitoke katika lugha ya mama. Misa yake ya Kijerumani ya mwaka 1526 ndiyo tunda la kanuni hiyo.

Kutoka Mpanda tukifuata reli kupitia Tabora kuelekea mashariki, tunafika Dodoma kwa Wagogo, na hapo ndipo namba saba inapotungoja. Kila kamba ipigwapo hutoa, pamoja na sauti yake kuu, sauti nyingine nyembamba zilizofichwa ndani yake, zikifuatana kwa hesabu 2, 3, 4, 5 na kuendelea. Katika miaka ya 1960 Gerhard Kubik, mtafiti kutoka Austria, alionyesha kwamba Wagogo huchukua sauti za uimbaji wao kutoka katika mfuatano huo wa maumbile, kuanzia ya 4 hadi ya 9. Sauti ya 4, ya 5 na ya 6 ndizo do, mi na so za Lippius. Lakini Wagogo hawakuishia hapo. Wanaimba pia sauti ya 7, ile ambayo Kepler alisema Muumba hakuitumia, na ambayo haina mahali pake juu ya kinanda. Marehemu Hukwe Zawose aliipeleka sauti hiyo katika majukwaa ya dunia, naye alifariki mwaka 2003.

Tufikiri juu ya jambo hili. Kinanda kilicholetwa kusahihisha masikio ya Waafrika kilikuwa chenyewe kimepunguziwa usafi ili kiweze kupigwa katika funguo zote. Wakati huo huo mkulima wa Ugogo, asiyejua Kilatini, aliimba mi iliyo safi kama ile aliyoitaka Lippius, na juu yake akaongeza sauti ambayo msomi wa mbingu aliitoa nje ya uumbaji kwa kuwa rula yake haikuweza kuichora. Hatusemi hivyo ili kumdharau Kepler, ambaye tunamheshimu. Tunasema kwamba uumbaji wa Mungu ni mpana kuliko mfumo wowote wa wanadamu unaodai kuueleza wote.

6. Waliosikia mapema

Haingekuwa haki kusema kwamba wamisionari wote walikuwa viziwi. Kusini ya bonde la Rukwa, katika misioni ya Mbozi, Mmoravian Traugott Bachmann aliruhusu Wanyiha wamsifu Mungu kwa nyimbo za asili yao hata kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Katika miaka ya 1930 mwenzake Franz Rietzsch aliandika kwamba muziki wa watu aliowatumikia ulikuwa karibu zaidi na muziki wa Kanisa la kale kuliko zilivyokuwa korali za karne ya 19. Sauti hizo zilikuwa chache, lakini zilikuwapo.

Katika Kanisa letu, Howard Olson, mwalimu wa Makumira kwa miaka mingi, alikusanya nyimbo za asili za Tanzania na kuzitoa mwaka 1968 katika kitabu Tumshangilie Mungu. Kabla ya hapo, mwaka 1966, Bernard Kyamanywa, mchungaji kutoka Bukoba, alitunga maneno ya Mfurahini, Haleluya. Wimbo huo wa Pasaka ulitafsiriwa kwa Kijerumani mwaka 1969 na leo umo katika kitabu cha nyimbo cha Kanisa la Kiinjili la Ujerumani. Nchi ya Luther, Lippius na Kepler huimba ufufuo kwa wimbo uliotoka Tanzania, na hakuna mtu aliyeona kwamba imani imepungua.

7. Hatari mbili zenye mzizi mmoja

Mtu aweza kusema sasa: basi tuache korali, turudishe ngoma, na mambo yote yatakuwa mema. Hapo hatuna budi kusimama, maana nchi ya Mpanda yatufundisha pia upande wa pili. Jina Katavi lenyewe latokana na Katabi, mzimu ambao wenyeji husimulia kwamba huishi katika mkwaju kando ya Ziwa Katavi, na watu wamekuwa wakiweka sadaka chini ya mti huo. Katika Unyamwezi na nchi jirani chama cha Waswezi kilitumia ngoma na nyimbo maalum kuita pepo wampande mtu. Kwa Waswezi sauti haikuwa pambo. Mapigo yenyewe yalikuwa na nguvu ya kumleta anayeitwa.

Wachungaji wa zamani waliokataza ngoma kanisani hawakuwa wajinga, walijua wanachokiogopa. Lakini hawakuona kwamba hatari hiyo hiyo ilikuwa imekaa ndani ya kinanda. Mtu asemaye kwamba pigo fulani la ngoma humleta mzimu, na mtu asemaye kwamba do, mi na so humleta Mungu karibu kuliko sauti nyingine, wote wawili wameweka ndani ya sauti uwezo ambao si wa sauti. Eliya juu ya Karmeli aliwaona manabii wa Baali wakipiga kelele tangu asubuhi hata jioni, na hapakuwa na jibu. Kwetu sisi Roho Mtakatifu huja kwa Neno na Sakramenti, kama Ungamo la Augsburg lifundishavyo katika kifungu cha tano. Muziki hulibeba Neno, kama punda alivyombeba Bwana kuingia Yerusalemu. Punda alipata heshima kubwa siku ile, lakini hosana hazikuwa zake.

Siku hizi jambo hili limepata sura mpya. Vinanda vya umeme vyenye mapigo yaliyotengenezwa kiwandani vimefika hata katika mitaa ya mbali. Mpigaji hubonyeza kitufe, na mapigo yale yale husikika Mpanda, Mwanza na Mbeya. Washarika wengine wameanza kuona kwamba ibada isiyo na spika kubwa haina upako. Hili nalo ni fumbo la sauti, tena halina hata elimu ya Kepler ndani yake. Hudai nguvu za mbinguni kutoka katika soketi ya umeme, na huzima zile sauti mbili zilizokwenda sambamba tangu kale, kwa kuwa kinanda hakizijui.

8. Hitimisho

Tumeona kwamba upatano wa sauti ni kazi halisi ya Muumba, wala si ndoto ya wanafalsafa. Hesabu za kamba ni zile zile Berlin, Dodoma na Karema. Kwa hiyo mchungaji aweza kuutazama kwa heshima upatano wowote unaoimbwa na watu wake, uwe wa korali, wa sambamba au wa sauti moja. Lakini uumbaji si ufunuo wa wokovu, na mfano wa Utatu si Utatu. Lippius alipaswa kushukuru mahali alipotaka kuthibitisha.

Kifungu cha saba cha Ungamo la Augsburg chafundisha kwamba kwa umoja wa kweli wa Kanisa yatosha kukubaliana katika kuihubiri Injili na kuzitumia Sakramenti. Taratibu zilizowekwa na wanadamu si lazima zifanane kila mahali. Jinsi ya kupatanisha sauti ni mojawapo ya taratibu hizo. Kutokana na hayo twapendekeza mambo matatu kwa wale wanaotumika, au watakaotumwa kutumika, katika Dayosisi ya Ziwa Tanganyika na sehemu zinazofanana nayo.

Kwanza, wimbo upimwe kwa maneno yake kabla ya kupimwa kwa mapigo yake. Tuulize unamhubiri nani, na kama msikilizaji ameisikia Injili ndani yake. Wimbo wa sauti nne safi waweza kuwa mtupu, na wimbo wa ngoma waweza kumtangaza Kristo aliyesulibiwa.

Pili, lugha iachwe iuongoze wimbo. Mwalimu wa kwaya akitumia Kifipa, Kirundi au Kinyamwezi, aketi kwanza na wazee wanaoijua, asikilize maneno yanavyopanda na kushuka, ndipo atunge sauti ya pili. Kitabu cha Mwimbieni Bwana kibaki mahali pake pa heshima, maana korali nazo ni urithi wetu na zimewafariji wengi kando ya makaburi. Lakini kisiwe ukuta.

Tatu, nyimbo ziandikwe na kurekodiwa zingali hai. Wazee walioimba Katumba na Mishamo katika miaka ya kwanza wanazidi kupungua, na wale wanaokumbuka uimbaji wa Kipimbwe na Kibende ni wachache zaidi. Wanafunzi wetu wanaotafuta mada za utafiti wasisafiri mbali mno. Sauti ya saba, iliyoachwa nje ya kitabu cha upatano wa ulimwengu, imedumu kwa sababu tu kulikuwa na watu waliokubali kuirithisha kwa mdomo. Tukishindwa kusikiliza katika kizazi hiki, hatutapata nafasi ya pili.

Mtume Paulo aliwaandikia Wakorintho kwamba ataimba kwa roho na ataimba kwa akili pia. Mashauri hayo yatutosha. Tuimbe kwa roho, ili muziki usiwe hesabu kavu. Tuimbe kwa akili, ili muziki usigeuzwe kuwa mungu. Naye aliyeziumba sauti zote, zile tunazozijua na zile ambazo rula zetu hazijaweza kuzichora, apewe utukufu peke yake.